Jina Kwenye Ukurasa wa Kumi na Nne

Mwandiko wa Kuramochi uliwashinda wapanga herufi wote wa Tokyo. Shizue, mkewe, ndiye pekee aliyeweza kuusoma, kwa hiyo kila hadithi ya bwana huyo aliinakili upya kabla haijaenda kiwanda cha uchapaji.

Asubuhi hiyo mhariri Hirabayashi alikuwa amepiga magoti sebuleni kando ya jiko la mkaa, akiingojea hadithi mpya kwa chai ya tatu. Mitambo ingewashwa saa sita mchana. Shizue alipofika ukurasa wa kumi na nne, aliweka kalamu chini. Mumewe alikuwa ameandika juu ya mwanamke mkimbizi aliyemtoa bintiye Haruko kwa wenyeji, akapewa kiroba cha mtama.

Haruko gani! Wajapani walipoikimbia Manchuria mwisho wa vita, Kuramochi akiwa mateka wa Warusi, Shizue alimwachia mama mmoja wa Kichina mtoto wao Midori, asimfie njaa njiani. Mtama alipewa kwa huruma tu. Nyumbani, isipokuwa mumewe, waliambiwa mtoto alikufa kwa homa, na mpaka leo mama mkwe humchomea ubani.

Alimwendea mumewe chumbani kwake.

"Uliniapia hutaliandika hili."

"Miezi mitatu kichwa kitupu, Shizue. Na jina nimebadilisha."

"Mama yako hasomi? Majirani hawasomi?"

"Mwandishi anayeficha ya kwake ni karani tu."

Ya kwake! Shizue alimchukia papo hapo, chuki safi isiyo na machozi.

"Mama, saa tano na nusu hiyo!" Hirabayashi aliita. "Kiwandani watanichuna ngozi!"

Angeweza kuzitupa karatasi motoni. Lakini mwezi ujao bwana angeandika yale yale tena. Akaketi, akanakili kila neno, mtama na kiroba chake. Ila palipokuwa na Haruko aliandika Midori. Kisha akaongeza ambayo mumewe hakuyajua kwa kuwa hakuwahi kuuliza: kovu la moto chini ya kidole gumba cha kushoto, kijiji chenye kinu cha mafuta kando ya daraja la mawe, mama aliyeitwa Song, aliyechechemea.

Hirabayashi alisoma amesimama, kofia mkononi. Ghafla akaweka kidole kwenye mstari mmoja.

"Mama, hili kovu ni la kweli?"

"Kovu gani?" Kuramochi alitokeza mlangoni.

"La mwanao," Shizue alisema. "Nenda, Bwana Hirabayashi. Huenda msomaji aliyerudi kutoka Manchuria aliwahi kumwona."

Kuramochi alinyoosha mkono kuzichukua karatasi. Hirabayashi alizitia mkobani, akainama, akatoka mbio.

Chumba cha pili, mama mkwe alikuwa ndiyo kwanza anawasha ubani mbele ya picha ya mjukuu wake. Shizue alipiga magoti kando yake, akauzima kwa vidole.

"Mama, usimchomee tena. Nilimwacha mzima."