Nchi ya Mkono Mmoja

Mfalme alichukua bizimu za raia wake, na kwa miezi tisa nchi nzima ilifanya kazi kwa mkono mmoja.

Katika nchi hiyo nguo haikukatwa wala kushonwa. Mtu alijizungushia kipande cha sufu, akakibana begani kwa bizimu, pini nene ya shaba, basi amevaa. Kushona kulikuwa kosa. Fundo lilipigwa kwenye sanda tu. Mtu mzima akipiga fundo begani amejiita maiti. Basi Waziri alipomnong'oneza Mfalme kwamba kila raia anatembea na mwiba wa shaba urefu wa kidole, na kwamba shingo ya Mfalme ni laini kama shingo nyingine yoyote, askari walipita nyumba hadi nyumba na magunia. Wakubwa walibaki na bizimu zao za dhahabu.

Tangu hapo kila mtu alishika nguo yake kwa mkono wa kushoto. Mwashi alipanda ngazi kwa mkono mmoja. Wafua nguo waliyakanyaga majoho ya wakubwa ndani ya mapipa ya mkojo, mkono mmoja ukining'inia hewani bila pa kushika. Nguo ikidondoka, hata chumbani mwako, hiyo ni dharau kwa kiti cha enzi: viboko ishirini sokoni. Waziri alipenda kuwaambia wenzake mezani kwamba mtu anayeshika nguo hashiki jiwe. Wenzake walicheka, wakaongeza mvinyo.

Velina alikuwa mkunga wa mtaa wa wafua nguo. Mwanzoni jirani alimshikia nguo, lakini jirani naye alitaka wa kumshikia. Siku moja akaiachia, akazalisha pacha salama. Alichapwa, na baada ya hapo askari wawili walimfuata hadi kwenye vitanda vya wanawake. Wanawake wakaanza kufa mikononi mwake, au tuseme mkononi mwake.

Kisha uchungu ukamshika Livila, binti yake mwenyewe. Ilikuwa alfajiri, na mtoto alikuwa amekingama tumboni. Kumgeuza kunataka mikono miwili. Velina alimwacha kwa majirani, akaenda Barazani kuomba bizimu moja ya siku moja.

Walimweka mlangoni hadi jua la utosi, maana Baraza lilikuwa likijadili upana wa utepe wa zambarau kwenye majoho ya wajumbe.

"Haya, bibi, sema," Waziri akamwambia hatimaye.

"Mtukufu, binti yangu anajifungua na mtoto amekaa vibaya. Naomba bizimu. Jioni nitairudisha."

"Mama yangu alizaa tisa," akasema mjumbe mmoja mzee, "na sikumbuki akihitaji shaba."

"Mama yako alizalishwa na bibi yangu. Kwa mikono miwili."

Mjumbe aliyekaa nyuma alicheka, akajifanya anakohoa. Waziri akaeleza kwa upole kwamba leo ni mkunga, kesho atakuja mwashi, keshokutwa mwenye kinyongo, na serikali haiendeshwi kwa huruma. Mfalme alikuwa ameketi juu yao kwenye kiti cha enzi. Alikuwa akichezea bizimu yake. Sasa akauliza kama mwanamke huyu haoni haya kuingia humu akinuka mtaa wake.

"Huo ni mkojo, Mfalme," Velina akasema. "Ndio unaong'arisha joho lako."

Akazikutanisha ncha mbili za nguo yake begani, akapiga fundo, akalikaza kwa meno.

Waziri aliamuru akamatwe. Mkuu wa walinzi hakusogea. Kwa heshima zote alimkumbusha sheria ya babu yake Mfalme: agusaye maiti hakaribii kiti cha enzi siku saba.

"Huyo anapumua, mpumbavu wee."

"Ana fundo, Mtukufu. Tukimgusa sisi, kesho nani atamlinda Mfalme?"

Walipomaliza kushauriana, Velina alikuwa keshashuka ngazi za ikulu. Mtaani walimwona anakimbia, mikono yote miwili huru, fundo begani, wala hakuna askari nyuma yake. Kufikia jioni wafua nguo wote walikuwa na mafundo. Siku ya tatu mji mzima ulikuwa wa maiti. Waziri alituma kikosi kiwapige. Kikosi kikapiga, kikanajisika, kikaenda kukaa siku saba nje. Akatuma cha pili, na cha tatu. Siku ya sita ikulu ilibaki na walinzi arobaini, na watu wakapanda ngazi zake na mawe. Waziri alifia kwenye ngazi hizo. Mfalme alikamatwa kwenye lango la nyuma, akavuliwa joho, akafukuzwa mpakani.

Gharama yake ni hii. Waashi watatu walioanguka. Mfua nguo mmoja aliyezama kwenye pipa. Watu thelathini na wawili waliouawa ikulu, na walinzi kumi na wanne, ambao nao walikuwa na mama zao. Katika mtaa wa wafua nguo peke yake, watoto wachanga saba, na wanawake kumi na mmoja waliokufa wakijifungua. Wa kumi na mmoja ni Livila. Velina alifika, akamgeuza mtoto, akamtoa mzima, wa kike. Lakini Livila alikuwa akivuja damu tangu asubuhi. Kutoka mlango wa Baraza hadi kitandani pake ni hatua mia sita. Mama yake alingojeshwa pale mlangoni kwa muda wa saa tano.