Mlango wa Kasilda

Gundi ya unga wa muhogo ilikuwa bado ya moto. Adventina alitazama huku na huku, hakuona mtu, akachota kwa kidole akala. Kisha akaendelea kubandika maboksi kwenye ukuta wa nyumba ya Bibi Kinyonga.

Kijiji chote cha kipindi cha televisheni cha watoto, pale studio ya Magarama, alikijenga yeye. Shule aliiachia darasa la nne, kwenye kambi ya wakimbizi Tanzania, huku akiwafinyangia wadogo zake vijumba vya udongo. Mkataba hakuwa nao. Ilyasi, mwongozaji, aliahidi kumwandikisha kazi iwapo wafadhili wangeipenda nyumba ya bibi, na wafadhili walitaka kitu cha kweli. Ndipo Adventina alipokwenda kwao Butihinda kumbembeleza mama yake, Kasilda, amwazime mlango wa mbao, mlango pekee wa nyumba yao.

Wafadhili waliupenda. Mlango haukurudi, wala mkataba haukuja.

Kasilda alitundika mkeka. Mvua ikaingia, kifua kikambana, akaenda kulala kwa dada yake. Jirani yao Longino, aliyelima shamba lao miaka yao yote ya ukimbizini na kulazimishwa kuligawana nao waliporudi, akaingiza mbuzi ndani. Akawaambia wakubwa wa kilima, viongozi wa kijiji chao, kwamba nyumba isiyo na mlango wenyewe wamehama. Leo alasiri wangekwenda kuangalia.

"Ukiupata mlango, njoo nao," Kasilda alisema kwenye simu asubuhi. "Usipoupata, mwanangu, usije kunitazama tu."

Adventina alimngoja Ilyasi amalize chai.

"Bosi, naomba mlango wa mama."

"Mlango gani? Ule iko ya kipindi sasa. Watoto wote wanaujua."

"Watachukua shamba letu."

"Si we ndiye fundi? Mchoree mama mlango mwingine."

"Rangi iko mingi," alidakia Kassimu, mpiga picha, na wote wawili wakacheka.

"Mama anaumwa, bosi."

Ilyasi aliweka kikombe chini. "Bon, sawa. Beba, uende. Lakini usirudi. Wasichana wa kukata maboksi iko wengi hapa Gitega."

Adventina aliuacha mlango ulipokuwa, akarudi nyuma ya ukuta. Dawa za mama zilitoka kwenye kazi hii.

Watoto wakaingizwa. Ukuta wa maboksi haukuweza kubeba mbao nzito, kwa hiyo kila wakipiga picha Adventina alisimama nyuma na kuushikilia mlango kwa bega na mikono yote miwili.

"Hodi, bibi!" watoto waliimba.

"Karibuni nyumbani," Raissa alijibu kwa sauti ya Bibi Kinyonga, akiwa amekaa pembeni na kipaza sauti.

Ilipofika alasiri, simu ilitetema kiunoni mwa Adventina; bila shaka mama. Angeachia mkono mmoja tu, mlango ungewaangukia watoto. Simu ikanyamaza, ikaanza tena.

"Simamisheni," Ilyasi alisema. "Mlango unatikisika. We huko nyuma, shika vizuri. Watoto, gongeni tena, na sasa mcheke."

Wakagonga, wakicheka.