Mkulima Mzembe wa Mbozi

Bwana Pelham alifika Mbozi msimu wa kuchuma kahawa, mwaka 1952, na gari la serikali lililosheheni kamera na masanduku. Alikuja kupiga sinema ya kilimo bora. Aliyefurahi kuliko wote alikuwa Anyelwisye, kwa sababu shamba lililochaguliwa lilikuwa lake. Alishika jembe akasimama kando ya mibuni, akingoja apigwe picha.

Bwana Pelham alimzunguka, akamnong'oneza mkalimani wake, Osward.

"Bwana anasema una uso mzuri sana," Osward akatafsiri. "Uso wa mkulima mzembe."

"Lakini shamba ni langu."

"Hilo analijua. Anasema ukweli haujui kusimama mbele ya kamera, sharti uelekezwe."

Bwana huyo hakuwa mgeni wa kazi. Alikwisha kupiga sinema za reli, za majosho ya ng'ombe na za nzige, na Osward alisimulia kwa heshima kwamba hata nzige walirudishwa shambani mpaka wakatua inavyotakiwa.

Nafasi ya mkulima hodari akapewa jirani wa Anyelwisye, Boazi, mwenye koti na meno meupe, ambaye kahawa yake mwenyewe ilikuwa imemezwa na magugu. Akasimamishwa katikati ya mibuni ya Anyelwisye, akatabasamu. Anyelwisye, mzee wa kanisa asiyeonja pombe, akalazwa kivulini na kibuyu ubavuni.

"Bwana anasema ukorome."

"Si umesema sinema haina sauti?"

"Ndiyo, ila usipokoroma uso haulegei."

Akakoroma. Alijipa moyo kwamba wanaomjua hawatadanganyika.

Mwaka uliofuata sinema ikaonyeshwa Ruanda ya hapo hapo Mbozi, kwenye shuka jeupe. Watu walicheka hadi wakashika mbavu. Kesho yake wazee wenzake wa kanisa walimwita kumuuliza habari za kile kibuyu. Boazi naye alianza kualikwa kukagua mashamba ya watu. Alikuwa akifika, anatabasamu, anapewa kuku.

Kisha akaja mama mkwe wa Anyelwisye, na kikapu cha unga kichwani. Kwa desturi hakusema na mkwewe ana kwa ana, akamwambia binti yake, Loisi, "Nimeleta unga. Nimeona mnavyoishi."

"Mama, ile ilikuwa sinema tu."

"Nina macho, mwanangu."

Anyelwisye alimwomba Loisi ampeleke mama yake shambani, naye akatangulia mbali kidogo, kama adabu inavyotaka. Mibuni ilikuwa imepinda kwa matunda mekundu. Mama mkwe alitazama huku na huku, uso ukamchangamka.

"Hili nalijua," akasema. "Ni shamba la Boazi."

Loisi alimgeukia mumewe. Anyelwisye alisikia kila neno. Alichukua debe lake, akawapa mgongo, akaanza kuchuma.

Mama mkwe alimtazama akichuma, akashusha pumzi.

"Basi Mungu ni mwema," akamwambia binti yake kwa sauti ya chini. "Walau amempa mumeo kibarua."