Kiti cha Ngoyi

Kanku alikuwa anatwanga sombe, majani ya muhogo, uani kwake, mtaa wa Kasuku, wakati Mzungu mmoja wa Ufini aitwaye Eino alipoisimamisha kamera yake ya sinema sebuleni na kuielekeza kwenye kiti kitupu. Hicho ndicho alichokitafuta mpaka Kindu: kiti cha mtu asiyekuwepo. Kiswahili chake cha wamisionari kilitosha kueleza kwamba kwao alikipiga picha kiti cha marehemu mama yake kila majira ya baridi, na hakuna aliyekuja kukikalia.

"Na sasa unafanya nini?" Kanku akamwuliza.

"Nangoja."

"Kumbe! Kungoja njo kazi yangu mimi."

Mumewe, Ngoyi wa reli, alichukuliwa na askari kwa sababu hakwenda kucheza ngoma za kumpokea komisere, mkuu wa serikali. Ofisini wakasema amehamishiwa Kalemie. Haya, nani atamfanyia matanga mtu aliyehamishwa? Kanku alitaka hilo tu: majirani wakae naye chini, amlilie mumewe kwa haki, kisha apate usingizi.

Mchana Eino akainua kichwa. "Mama, njoo."

Kanku akafuta mikono, akaweka jicho kwenye kioo cha kamera. Ngoyi alikuwa amekaa kitini na shati lake la reli, amelowa chapachapa. Ukiangalia kwa macho matupu, kiti hakikuwa na mtu, ila sakafu chini yake ilikuwa na maji yenye harufu ya mto Lualaba.

"Ngoyi, siku zote hizi ulikuwa mutoni?"

Ngoyi akaitikia kwa kichwa. Kanku alilia sana, kisha akatafuta kitambaa akapangusa sakafu. Eino naye alilia. Alimwonea Kanku wivu, maana kiti cha mama yake hakikukaliwa, na hakuficha.

Kanku akaenda kumwita Sitwayen Matata, yaani Raia Matata, mkubwa wa mtaa, ili aruhusu matanga. Matata akaja, akainama, akachungulia kwa muda mrefu.

"Njo yeye," akasema. "Sasa matanga ya nini? Muntu anakaa kwa kiti yake."

"Analowana, Mukubwa. Alikufa mu maji."

"Atakauka. Siku ya Posho kuna salongo, kazi ya lazima, watu wote watalima majani ya barabara. Aje na jembe yake."

Jamani, Kanku angesema nini? Mkubwa amemwona mtu kwa macho yake.

Eino aliondoka kwa mashua ya kwenda Ubundu, na kamera yake. Alisema huko kwao watu watakaa kimya wamwangalie Ngoyi kwenye sinema yake, bila muziki. Kanku akamshukuru, akamfungia chikwangue, mkate wa muhogo, ya njiani.

Maji hayakukoma. Kila asubuhi yalikuwa chini ya kiti, na Kanku aliyapangusa kabla ya kuwasha moto.

Jumamosi, hiyo Siku ya Posho, ilipofika, alikwenda salongo na majembe mawili. Alilima sehemu yake, akaliweka jembe lake chini, akashika la pili na kuanza sehemu ya Ngoyi. Matata akapita, akasimama hapo, akamwambia Ngoyi aongeze bidii.

Kanku akaongeza.