Uweso, Mchinjaji wa Msafara

Bi Tausi hakuwahi kumwona baba yake. Uweso wa Tongoni alikufa kwa homa mkewe akiwa na mimba changa, na picha hakuacha hata moja. Alichoacha ni sifa ya kazi yake, kuchinja kwenye misafara ya Wazungu wawindaji. Mzungu akishapiga nyati, Uweso hutimua mbio na kisu amuwahi kabla roho haijatoka, wapagazi wapate kula nyama ya halali.

Sasa mjukuu wa Bi Tausi, Sabiri, kaipata mtandaoni filamu kongwe ya uwindaji, na mwanzoni pameandikwa majina ya watu wa msafara. Uweso wa Tongoni yumo! Basi Bi Tausi kaoga, kajifukiza udi, kavaa kanga mpya, kaketi sebuleni kwake Raskazone mbele ya televisheni.

"Bibi, unakwenda harusini?"

"Hebu nyamaza, weka picha!"

Nyati huyo chini. Mzungu kamwekea mguu ubavuni, kifua mbele, anapigwa picha. Mara kijana mwembamba akaingia mbio, akampiga kikumbo Mzungu, loo, akashika pembe na kukivuta kichwa kuelekea kibla.

"Ndiye!" Bi Tausi akapiga kelele.

Ndiye, lakini kibla kilikuwa kinyume na kamera. Ukaonekana mgongo, mgongo mtupu. Mzungu anapunga mikono, geuka huku! Uweso hana habari naye, anachinja.

"Geuka, baba," Bi Tausi akaomba, machozi yanamtiririka. "Umri wote huu nakungoja, waja kunipa mgongo?"

Sabiri akanyoosha mkono azime.

"Thubutu! Iache!"

Nyati akarusha teke la mwisho. Uweso chali! Akainuka na vumbi lake, akaikodolea macho kamera, akajicheka mwenyewe. Ndevu hata hazijamjaa. Sabiri akaisimamisha picha hapo hapo.

Bi Tausi akasimama, akatengeneza kanga kichwani.

"Shikamoo, baba."

Filamu za enzi hizo hazina sauti. Sabiri, ambaye kwa umri angeweza kumtuma dukani kijana yule, akaitika kwa niaba yake.

"Marahaba, mwanangu. Hujambo?"

"Sijambo, baba," akasema Bi Tausi, macho hayabanduki kwenye kioo. "Nimezeeka tu."