Mtoe Mke Wangu, Nikutolee Mumeo

“Mtoe mke wangu, nikutolee mumeo.”

“Kwani nimemfunga kamba? Kakimbia kwa miguu yake, ngumi zako ndizo zilizomsindikiza.”

“Umbea wako ndio uliomharibu.”

Msusi alisimama uani, mikono kiunoni, kama kila siku alipogombana na huyu fundi wa kuchomelea, jirani yake wa ukuta kwa ukuta. Ila leo fundi alikuwa amejifungia nyuma ya mlango wake wa nondo, kisu kikiwa shingoni mwa mume wa msusi. Alimnasa akitoka bombani, ndoo mkononi. Mke wa fundi alikuwa chumbani kwa msusi, komeo limepigwa kwa ndani, jicho limevimba.

Inspekta wa polisi, aliyeitwa na majirani, alimnong'oneza msusi, “Mama, sema naye kwa upole. Vijana wangu wako nyuma, wanakata dirisha.”

“Huyu sijawahi hata kumsalimia kwa upole. Nikianza leo, atajua kuna jambo.” Akapaza sauti. “Fundi gani wewe, mageti yako yanalia kama mbuzi? Hata hicho kisu umeazima.”

“Nimchinje ndipo ujue ni changu?”

“Mchinje, tuone huko jela atakupikia nani.”

Maneno yalimtoka kama kawaida, lakini macho hayakubanduka kwenye kile kisu.

Ndipo mumewe akalia, “Mke wangu, mtoe tu huyo mwanamke. Ya kwao yanatuhusu nini sisi? Mtoe.”

Ua mzima ukanyamaza. Kwenye ule ukimya msumeno ukasikika, krr, krr. Fundi akaanza kugeuza shingo.

“Wee, nasema na wewe,” msusi akamfokea, akisogea hadi kwenye nondo. “Unageuka wapi? Kumpiga mwanamke unaweza, kumtazama usoni huwezi. Mama yako angekuona leo, angeyajutia maziwa yake.”

Hilo likampata. Fundi akamsukuma mateka wake kando, akarukia mlangoni, akapenyeza kisu kati ya nondo. Msusi aliruka nyuma, kanga ikachanika begani. Dirisha liling'oka, askari wakamwangukia fundi mgongoni.

Mumewe alitolewa akijipapasa shingo. Hakumtazama mkewe, wala mkewe hakumpa pole. Alibaki katikati ya ua kama mgeni asiye na mwenyeji, majirani wakimkodolea macho.

Komeo likalia. Mke wa fundi akatokeza mlangoni pa msusi, jicho moja tu wazi, mwiko mkononi.

“Shemeji,” alimwambia mume wa msusi, “nimekusikia vizuri. Chakula nimeshapakua. Pita ndani ule.”