Jiwe Ndani ya Koti

Mtunza jiwe alipoinua kifuniko cha mbao katikati ya uwanja, alikuta shimo tupu. Kilichobaki ni duara la vumbi, na michubuko kwenye matofali iliyoachwa na watu wasiojua kubeba.

Ukungu ulikuwa umeufunika mji tangu asubuhi, hata ukuta wa uwanja haukuonekana, na ndani ya ukungu ule kulikuwa na meli moja ya angani yenye abiria arobaini. Aliyeshika usukani alikuwa binti yake.

Siku ya ukungu, meli ya angani haina njia ya kujua nyumbani ni wapi isipokuwa kwa kielekezi chake: chupa ya mafuta mazito, na ndani yake kipande cha jiwe kinachoning'inia kwa uzi. Manahodha hukiita mtoto, kwa sababu kilimegwa kutoka lile jiwe kubwa la shimoni, ambalo nalo huliita mama. Popote meli iendapo, mtoto humgeukia mama yake. Akivutika upande, mama yuko mbali. Akining'inia wima, mama yuko chini yako hasa: punguza injini, ushuke. Basi ukimhamisha mama, umeuhamisha uwanja.

Mtunza hakuhitaji kuambiwa nani kamhamisha. Wiki nzima Mkuu wa uwanja alikuwa akitaka wageni wake walione jiwe kwenye ukumbi mpya, wakila na kunywa. Mtunza alikataa kata kata. Sasa alikuwa ametoka kidogo tu kwenda kula, nao wakaja. Kwa wakubwa huo si wizi, ni kuazima.

Ukumbi ulikuwa mitaa mitatu kutoka hapo, na juu ya paa lake Mkuu alikuwa amesimamisha milingoti saba ya bendera, ya chuma, yenye ncha kama mikuki. Mtunza alikimbia huku akijilazimisha asiuwaze mfuko wa gesi wa meli.

Mlangoni alisimama bawabu, ndugu wa marehemu mkewe.

"Shemeji, leo ni kwa kadi," bawabu alisema akicheka. "Na kwa koti hilo, hata ungekuwa na kadi usingepita."

"Mama yumo ndani?"

"Yumo. Wamemvika kitambaa, kapendeza kuliko bibi harusi."

"Mpwa wako yuko angani."

Kicheko kikakatika. "Si alitua jana?"

"Injini iliwachelewesha. Anarudi sasa hivi."

Bawabu alitazama juu, kwenye ule weupe mtupu, kisha akasukuma mlango.

Mkuu alikuwa katikati ya hotuba. Mtunza hakungoja makofi.

"Bwana mkubwa, jiwe lirudi shimoni. Kuna meli."

Mkuu alitabasamu, kwanza kwa wageni, halafu kwake. Akatoa karatasi mfukoni. "Soma mwenyewe, mzee. Meli zote zimetua. Kila moja ina alama yake."

Mtunza hakuvuka darasa la nne, lakini karatasi za watu hawa alizijua. Miaka sita nyuma, karatasi kama hiyo ilisema ni upepo uliomuua mkewe, mpishi wa meli. Haikusema kwamba chupa ya kielekezi ilikuwa ikivuja, wala kwamba yeye, mtunza, aliwaambia mara tatu.

"Karatasi yako haina masikio," alisema. "Nyamaza usikie."

Na kwa kuwa hakuna aliyewahi kumwambia Mkuu anyamaze, ukumbi mzima ulinyamaza. Juu ya paa, injini. Zilikaribia, zikanguruma hadi glasi zikatetemeka mezani. Kisha zikapungua.

Mtoto alikuwa ananing'inia wima. Binti yake alikuwa anashuka juu ya milingoti.

Hakuomba tena. Alilikumbatia jiwe, lakini lilikuwa na uzito wa ndoo mbili za maji, na yeye si kijana.

"Mzuieni," Mkuu alisema.

Bawabu alikuja mbio, kama kazi yake ilivyomtaka, akashika upande wa pili. "Inua, shemeji."

Uani walipata toroli la saruji. Walilisukuma barabarani, na juu yao injini zikapanda sauti tena: mtoto amevutika, meli inafuata.

"Pumzika kidogo," bawabu alihema.

"Tukisimama, anashuka."

Kwenye mtaa wa pili gurudumu liliingia mtaroni, likang'oka. Jiwe likaviringika kwenye tope. Injini zikapungua, na tumbo la meli likatokea katikati ya ukungu, la kijivu, pana kuliko mtaa, likizishukia kamba za nguo. Mwanamke mmoja aliziacha nguo zake akaingia ndani akipiga kelele.

Mtunza alivua koti. Walilifunga jiwe ndani yake, kila mmoja akashika mkono wake wa koti, wakakimbia. Mshono wa bega ulianza kuachia. Ukaachia zaidi. Lango la uwanja, majani, matofali. Walilitumbukiza jiwe na koti lake, kisha wakajitupa pembeni huku upepo wa mapanga ya injini ukiwapiga migongoni.

Meli ilitua upande upande, lakini ilitua. Binti yake alishuka, midomo mikavu.

"Baba, nimekata kona nne kwenye njia iliyonyooka. Mtoto ana kasoro?"

"Mtoto mzima. Ni mama yake aliyetembezwa."

Mkuu akawasili na wageni wake, wote wakipiga makofi. "Mmejionea wenyewe," aliwaambia, "jinsi kielekezi chetu kisivyokosea." Kisha, kwa sauti ya chini, akamtaka bawabu arudishe sare, na vibarua walichukue jiwe, sherehe haijaisha.

Mtunza alirudisha kifuniko. Akakaa juu yake, amevaa shati tu kwenye baridi ile. Binti yake alimtazama Mkuu, akavua kofia ya unahodha, akakaa kando ya baba yake. Bawabu naye akaja kukaa, huku akifungua vifungo vya sare kimoja kimoja, bila haraka.

"Sogea, shemeji," alisema. "Kifuniko ni cha watatu."